Je, Kudumu kwa Wimbo ni Dalili ya Wema Wake?

Tumeletewa suala na ndugu zetu wa pwani waliohamia bara kwa ajili ya biashara, baadhi yao wakikaa Kitale na baadhi yao Bungoma, nao wametutaka tulijibu katika kurasa hizi ili faida yake iwafikie na wengine. Suala lenyewe ni hili. Katika arusi za miji hiyo, mahema yakisha kusimamishwa na vipaza sauti vikawashwa, haukosi kusikika wimbo mmoja wa kuchezea wa miaka ya 1990 uitwao "Uhiki". Vijana ambao hawakuwa wamezaliwa wimbo huo ulipotoka huucheza kama kwamba umetoka jana, na mama zao huinuka vitini wakaucheza pamoja nao. Kumezuka hoja baina ya watu wa nyumba moja. Vijana husema, "Wimbo uliopendwa kwa kadiri ya miaka thelathini hauwezi kuwa mbaya, kwani chema chajiuza." Wazee hujibu, "Upuuzi uliodumu miaka thelathini ni upuuzi mkubwa zaidi kuliko wa siku moja. Na ninyi mwajua kwamba kipya kinyemi ingawa kidonda." Basi ni upi kati ya upande huu na ule ulio na haki?

Mwenye kulisikia suala hili kwa haraka huenda akalidharau, akasema kwamba wimbo wa arusini si jambo la kukaliwa kitako na watu wazima. Sisi hatuoni hivyo. Chini ya suala hili pana suala jingine ambalo kila mtu mwenye akili hukutana nalo katika maisha yake, nalo ni hili: kitu kikidumu, je, kudumu kwake ni ushahidi wa wema wake? Mila zetu twazitetea kwa hoja hiyo hiyo. Mtu akiulizwa kwa nini atenda jambo fulani, mara nyingi hujibu, "Ndivyo tulivyowakuta wazee wetu." Jibu la mzee huyo na jibu la kijana achezaye "Uhiki" ni jibu moja, ila mmoja ahesabu miaka mia na mwenziwe ahesabu thelathini. Kwa hivyo tukilitengua fundo hili kwa ajili ya wimbo, tutakuwa tumelitengua kwa ajili ya mambo mengi yaliyo makubwa kuliko wimbo.

Kabla ya kuendelea twapenda kuweka mpaka. Hukumu ya ngoma na vinanda katika dini ni jambo lenye wenyewe. Wanavyuoni wamelieleza tangu zamani, na hawakuwafikiana katika kila sehemu yake. Mwenye kutaka hukumu hiyo na awaendee wao. Sisi tumeulizwa juu ya hoja ya kudumu, nasi juu ya hoja hiyo ndipo tutakaposimama.

Yataka kwanza tukijue kitu tunachokihukumu, maana wengi wa wenye kuulaumu wimbo huu hawajui Kikuyu, na wengi wa wenye kuusifu hawakijui vile vile. "Uhiki" kwa Kikuyu ni arusi. Mwenye kuuimba ni msanii wa Kenya ajulikanaye kwa jina la Hardstone, na aliyeutengeneza katika studio ya Nairobi ni Tedd Josiah, katika nusu ya pili ya miaka ya 1990. Umejengwa juu ya lahani ya wimbo wa Mmarekani Marvin Gaye, "Sexual Healing", uliotoka mwaka 1982. Juu ya lahani hiyo Hardstone akaweka maneno ya Kikuyu na ya Kiingereza, mengine ya kuimbwa na mengine ya kufokwa kwa mtindo wa vijana wa Marekani na Jamaika.

Mtindo huo wa kufoka, uitwao hip hop, nao una nasaba yake. Watu wengi huanza kuihesabu historia yake tarehe 11 Agosti 1973, katika karamu iliyofanywa katika jumba moja la wapangaji mtaa wa Bronx, mjini New York, ambako kijana mwenye asili ya Jamaika, aliyejulikana kwa jina la Kool Herc, alizicheza santuri mbili kwa zamu ili kuurefusha ule mshindo ambao wachezaji waliupenda zaidi. Miaka 18 baadaye, mwaka 1991, Mtanzania Saleh Jabir alikwisha kutoa nyimbo za kufoka kwa Kiswahili, mojawapo ikifuata wimbo wa Vanilla Ice, "Ice Ice Baby". Na huo wa Vanilla Ice nao ulikuwa umechukua mshindo wa wimbo wa mwaka 1981 wa kundi la Queen pamoja na David Bowie. Mwenye kuitazama silsila hii ataona kwamba hapana hata mmoja aliyeanza na mikono mitupu. Kila mmoja alisimama juu ya dari ya mwenziwe. Jambo hili tutalirudia, kwani lina haki ndani yake.

Tuitazame sasa hoja ya vijana. Wasema kwamba kilichodumu ni chema. Twawauliza: je, ni vitu vingapi vibaya vilivyodumu? Ushirikina umedumu. Kisasi baina ya koo na koo kimedumu. Desturi ya mtu kukopa ili afanye arusi kubwa kuliko uwezo wake, kisha akakaa miaka akilipa deni la siku moja, imedumu katika miji yetu ya pwani kuliko wimbo wowote, na hapana mwenye akili asemaye kwamba ni njema. Ama kauli ya kwamba chema chajiuza, hiyo ni kweli pale ambapo mnunuzi ana hiari na macho yake yako wazi. Lakini wimbo huja masikioni bila kuitwa. Huja katika matatu itokayo Kitale ikapita Kiminini na Kamukuywa mpaka Webuye na Bungoma, na abiria aliyelipa nauli hakulipa ili ausikilize, wala hana njia ya kuukataa isipokuwa kushuka. Kitu kinachosikizwa kwa nguvu mara elfu huzoeleka, na mazoea hufanana sana na mapenzi hata mwenyewe asiweze kuyatenganisha.

Basi kudumu peke yake hakuthibitishi wema. Kunathibitisha jambo moja tu, kwamba iko sababu inayokifanya kitu hicho kiendelee. Kazi ya mwenye akili ni kuitafuta sababu hiyo na kuihukumu yenyewe.

Sababu za kudumu kwa wimbo huu, tuonavyo sisi, si za siri. Iko sababu ya mwili: mshindo wake ni wa polepole, wenye kurudiarudia, na mtu asiyejua kucheza aweza kuuandama bila kuaibika. Iko sababu ya umri: nyimbo ambazo mtu amezisikia katika ujana wake hushika moyoni kuliko alizozisikia kabla ya hapo na baada yake, na wale waliokuwa vijana mwaka 1997 ndio leo walio wazazi wa maharusi na wenye kulipa gharama za sherehe. Iko pia sababu ya wakati. Kwa miaka mingi redio ya Kenya ilikuwa ni ya serikali peke yake. Katika miaka ya 1990 mlango ukafunguliwa, Capital FM ikaanza Nairobi mwaka 1996, na miaka kadhaa baadaye hata Bungoma yenyewe ikawa na redio yake, West FM. Wimbo wa Kenya uliotoka wakati mlango huo ulipokuwa ukifunguka ulipata nafasi ambayo nyimbo za kabla yake hazikuipata. Vijana wa wakati ule, waliozoea kuona kila kizuri kinatoka ng'ambo, walimsikia mtu wa kwao, kwa lugha ya kwao, juu ya lahani ya Marekani, wakafurahi. Furaha hiyo si jambo la kulaumiwa.

Lakini kwa Kitale na Bungoma iko sababu nyingine, nayo ndiyo yenye uzito. Msomaji wa pwani ajue kwamba Trans Nzoia, ambayo Kitale ndio mji wake mkuu, ilikuwa katika enzi ya ukoloni nchi ya mashamba makubwa ya Wazungu, na njia ya reli ilifika Kitale mwaka 1926 kwa ajili ya mashamba hayo. Baada ya uhuru mashamba yakagawanywa na kuuzwa, na watu wakaja kutoka kila upande: Wabukusu na Waluhya wengine, Wakikuyu, Wanandi, Waturkana, Wateso, na wenyeji wa kale, Wasabaot, walikuwapo tangu hapo. Bungoma, iliyoko kwenye njia kuu ya reli iendayo Uganda, ina wenyewe wake Wabukusu, lakini soko lake ni la watu wote. Katika miji kama hiyo watu hawana wimbo wa kale wanaoujua wote. Wimbo wa jando wa huyu ni ugeni kwa yule. Linapokutana jamaa la bwana arusi na jamaa la bibi arusi, wa makabila mawili na lugha mbili, watacheza nini pamoja? Hucheza kile ambacho hakuna aliyekirithi na kila mmoja alikisikia redioni. Ndiyo maana wimbo wa Kikuyu juu ya lahani ya Marekani huchezwa na Mbukusu na Mteso katika arusi ya Bungoma, wala hapana aulizaye ni wa nani.

Hapa vijana watasema, "Basi mmekwisha kutupa haki! Wimbo huu umewaunganisha watu." Twasema: ngojeni. Katika Januari 2008, baada ya uchaguzi wa Disemba 2007, jirani alimchomea jirani nyumba yake katika Trans Nzoia kama katika sehemu nyingine za Bonde la Ufa, na wakimbizi wakajaa katika uwanja wa maonyesho wa Kitale. Nchi nzima walikufa watu zaidi ya 1,100, na mamia ya maelfu wakafukuzwa makwao. Na katika Mlima Elgon, jirani na Bungoma, ugomvi wa ardhi ulikuwa umekwisha kuwaka tangu mwaka 2006. Wakati huo "Uhiki" ulikuwa umekaa kiasi cha miaka kumi katika masikio ya watu. Waliochoma na waliochomewa walikuwa wameusikia pamoja katika matatu zile zile, na bila shaka wako waliowahi kuucheza katika ua mmoja. Wimbo haukumzuia mtu yeyote kushika kiberiti.

Hatulisemi hili ili kuudhalilisha wimbo. Twalisema kwa sababu ni kosa kuutwika wimbo mzigo usio wake. Kucheza pamoja kwaonyesha kwamba watu hao waweza kukaa pamoja. Hakuwafungi wakae pamoja. Mtu aweza kucheza nawe usiku na asubuhi akakana kwamba una haki katika shamba lako, wala asione kwamba amejipinga, kwa kuwa ngoma haikumtaka ahadi yoyote. Umoja usiokuwa na wajibu ndani yake hutoweka hapo wajibu unapohitajiwa.

Tugeukie hoja ya wazee. Wao wameleta methali, kwamba kipya kinyemi ingawa kidonda. Methali ni ya kweli, lakini hapa haiwasaidii. Kitu chenye miaka thelathini si kipya tena. Kama unyemi wake ulikuwa ni wa upya, basi ungelikwisha pamoja na upya wenyewe, kama zilivyokwisha nyimbo nyingi za mwaka ule ule ambazo leo hapana azikumbukaye. Kwa hivyo hoja ya wazee ingaliwafaa mwaka 1997. Leo hawana budi kutafuta nyingine.

Na wazee wenzetu wa pwani na wakumbuke jambo jingine. Siti binti Saad alipokwenda Bombay mwaka 1928 kutia sauti yake katika santuri, gramafoni lilikuwa ni kitu kigeni, na sauti ya mwanamke kusikika mikahawani ilikuwa ni jambo la kushtusha. Leo mtu akimtaja Siti humtaja kwa fahari, na watoto husomeshwa habari zake. Juma Bhalo wa Mombasa, aliyefariki mwaka 2014, amewaachia watu nyimbo ambazo zikipigwa leo wazee hutulia wakazisikiliza kwa heshima. Lakini baba zao hao wazee hawakuwa wote wenye kutulia. Yawezekana kwamba tuitacho heshima katika nyimbo za ujana wetu ni uzee wetu wenyewe tu. Mwenye kutaka kuulaumu wimbo wa mwanawe na aanze kwa kuupima wa kwake kwa mizani hiyo hiyo.

Wazee wakisema, "Lakini lahani ile ilitungiwa matamanio, nayo huchezwa mbele ya watoto," hilo ni neno lenye maana, na kijana muungwana hatalipuuza. Lakini hilo halihusu kudumu. Ni hoja juu ya kilichomo ndani ya wimbo na mahali unapochezwa, na hoja ya namna hiyo husimama sawasawa ikiwa wimbo una siku moja au una karne moja. Wazee wangelianza na hoja hiyo, wangelikuwa na nguvu zaidi kuliko walivyo kwa methali yao.

Ikiwa kudumu hakuthibitishi wema, wala hakuthibitishi upuuzi, basi kuna faida gani kukutazama? Faida iko, nayo tutaipata tukizitenganisha aina mbili za kudumu. Mfano wake uko Bungoma kwenyewe. Wabukusu hutahiri wavulana wao katika miaka isiyokuwa witiri, mwezi wa Agosti. Alfajiri, mvulana hupelekwa mtoni akapakwa tope, na anaporejeshwa nyumbani kwa baba yake huimbiwa wimbo uitwao sioyaye. Hapana santuri iliyoueneza wala redio iliyoulazimisha. Umedumu kwa sababu kila kizazi kina mtu anayewajibika nao. Una saa yake, una njia yake ya kutoka mtoni, una watu wake. Mvulana aimbiwaye huingia katika rika, na marika ya Wabukusu ni manane, huzunguka kwa zamu hata jina la rika likarejea baada ya kiasi cha miaka 100. Mwenye kuimbiwa leo atakuwa na deni la kumwimbia mwingine kesho. Sisi hapa hatuisifu mila hiyo yote wala hatuilaumu; twataka msomaji aone namna ya kudumu kwake. Ni kudumu kwa amana: kitu huendelea kwa kuwa yuko aliyekabidhiwa, na aliyekabidhiwa ataulizwa.

Kudumu kwa "Uhiki" si kwa namna hiyo. Wimbo huu hauna saa yake. Huchezwa arusini, garini, dukani na katika kampeni za siasa. Hapana aliyekabidhiwa, hapana atakayeulizwa, na mtu akiuacha hapana atakayesema kwamba amevunja kitu. Umedumu kwa kuwa wafurahisha na kwa kuwa hapana sababu ya kuuzima. Hiyo twaiita kudumu kwa mazoea. Hatusemi kwamba ni haramu wala ni aibu. Harufu ya mkate hudumu katika nyumba kwa namna hiyo hiyo, na kila mtu huipenda. Lakini mtu mwenye akili hauchanganyi udumifu huo na ule wa kwanza. Kosa la vijana ni kuyapa mazoea daraja ya amana. Na kosa la wazee, ambalo hawaliangalii, ni kwamba nyingi katika mila zao zilizokuwa amana zimekwisha kugeuka mazoea mikononi mwao wenyewe: huzitenda na hawajui kwa nini, wala hapana aliye tayari kuulizwa juu yake. Mzee wa namna hiyo na mwanawe achezaye ngoma wako katika jahazi moja.

Sasa tufikie jambo ambalo wenye kuuliza hawakulitaja, nasi twaona ndilo lenye haja kubwa kuliko yote. Pande zote mbili zimebishana juu ya wimbo kana kwamba umeota wenyewe kama nyasi. Hapana aliyemtaja mtu aliyeutunga. Katika arusi ile mwenye mahema hulipwa, na mpishi, na mwenye gari la kumpamba biarusi, na dijei mwenye kuucheza wimbo. Asiyelipwa ni yule ambaye kazi yake ndiyo iliyowainua watu vitini. Dijei akiulizwa ameupata wapi, ataonyesha flashi iliyojazwa nyimbo elfu kwa shilingi chache katika kibanda kilicho karibu na stendi ya magari, na mwenye kibanda naye hakumlipa mtu.

Watu wengi hudhani kwamba kitu kilichopendwa na wote kimekuwa mali ya wote, na kwamba miaka ikipita haki ya mwenyewe huisha kama rangi ya nguo. Sheria haisemi hivyo. Kwa Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001, haki katika utungo hulindwa maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kufa kwake. Na haki katika sauti iliyorekodiwa hulindwa miaka 50 tangu kurekodiwa. Sauti iliyorekodiwa mwaka 1997 basi inalindwa mpaka mwisho wa mwaka 2047. Chama cha wanamuziki cha kukusanya haki hizo, MCSK, kiliundwa mwaka 1983. Hata hivyo sisi hatutaki kusimama katika sheria peke yake, kwani mtu aweza kuiogopa sheria bila kuiona haki. Twauliza tu: mwenye kusema kwamba wimbo huu ni mwema kwa kuwa umedumu, je, hakiri kwa ulimi wake mwenyewe kwamba amefaidika nao miaka thelathini? Na mwenye kufaidika na kazi ya mtu miaka thelathini bila malipo, tumwite nani? Kadiri kijana anavyousifu wimbo kwa kudumu, ndivyo anavyojiandikia deni.

Wakati Kenya ilipokuwa ikianza kufoka, Poxi Presha, aliyefoka kwa Kijaluo juu ya fedha na tamaa yake katika wimbo "Otonglo Time", alikuwa miongoni mwa wanamuziki waliosimama hadharani kuwapiga vita wenye kunakili kazi za watu kwa wizi. Alifariki mwaka 2005. Wimbo wake wakumbukwa kuliko vita vyake, na hiyo yatosha kutuonyesha ni kitu gani sisi wasikizaji hupenda kukumbuka.

Wala mambo haya hayahusu watu wa mbali wasioonekana. Katika Marekani, MC Hammer alitoa wimbo wa kuchezea "U Can't Touch This" mwaka 1990, na albamu yake ikauzwa zaidi ya nakala milioni 10 katika nchi hiyo peke yake. Mshindo wa wimbo huo ulitoka kwa Rick James, katika "Super Freak" ya mwaka 1981; Rick James akadai haki yake mahakamani, nao wakapatana, na jina lake likaandikwa pamoja na la Hammer kuwa ni mtunzi. Marvin Gaye naye aliuawa mwaka 1984 kwa risasi ya baba yake mwenyewe, lakini watoto wake walirithi haki katika nyimbo zake, na mwaka 2015 baraza la wazee wa mahakama la Los Angeles liliwaamulia mamilioni ya dola katika kesi ya wimbo mwingine. Msomaji wetu ajuaye maana ya mirathi hatastaajabu: kazi ya mkono na akili ya mtu huachwa nyuma kama inavyoachwa shamba, na aliyeila bila idhini amekula mali ya yatima. Ama Hammer, mnamo mwaka 1996 alitangaza kufilisika, baada ya kuyatumia mapato yake kwa nyumba kubwa na wafuasi wengi. Wimbo ulibaki, na fedha zikaenda. Kudumu kwa kitu hakukumdumisha hata aliyekitenda.

Basi jibu letu kwa ndugu zetu wa Kitale na Bungoma ni hili. Vijana hawana haki katika hoja yao, kwa kuwa miaka si ushahidi wa wema. Wazee hawana haki katika yao, kwa kuwa kitu kikongwe hakilaumiwi kwa upya, na kitu hakiwi kiovu kwa kuwa chapendwa na asiyekuwa wewe. Wakitaka kuuhukumu wimbo, na watazame yaliyo ndani yake, na mahali unapochezwa, na unavyomwacha mtu baada ya kwisha. Na hukumu hiyo wataitoa wakiwa wameketi pamoja, baba na mwana, wala si mmoja akiwa barazani na mwingine uani.

Na kwa kuwa wimbo huu kwao umekuwa ndio kikutanisho cha watu wa makabila mbalimbali, twawausia wasiridhike na hapo. Aliyecheza na jirani yake usiku wa arusi na amwendee siku nyingine, bila ya ngoma, amwulize habari za shamba lake na mpaka wake na watoto wake. Na siku ya uchaguzi ikifika na asimame mlangoni kwake. Hapo furaha ya usiku ule itakuwa imepata mtu wa kuulizwa juu yake, na iliyokuwa mazoea itageuka amana.

Ama mwenye kufanya arusi, anapohesabu gharama za mahema na wali na nyama, na amwambie dijei wake anunue nyimbo kwa njia iliyo halali, na fedha hizo azitie katika hesabu ya sherehe kama alivyotia za mpishi. Ni fedha ndogo. Waswahili wamesema, "Mgala muue na haki umpe". Na huyu hatukuambiwa tumwue, tumeambiwa tumlipe tu.

Haya ndiyo tuyaonayo sisi katika darasa letu. Mwenye oni lililo bora kuliko hili na atuandikie, tutalitia katika kurasa hizi.